Mkono Ulioinua Mkeka

Manowari ilipoingia kwenye ghuba ya Vailoto Jumanne asubuhi, Fetuao alikuwa nje ya nyumba akianika majani ya mkadi ya kufumia mikeka, na la kwanza lililomjia ni kwamba moshi ule utamchafulia majani yake. Hakuogopa. Mwaka ule bahari ya Samoa ilikuwa na manowari za mataifa matatu, kila moja ikiinusa nyingine mkiani kama mbwa, na watu wa pwani walishazizoea. Zilikuja, zikapiga tarumbeta, zikaenda zake.

Hii haikuenda. Ilitia nanga karibu na mwamba, ikageuka mpaka ubavu wenye mizinga ukazikabili nyumba, kisha ikashusha mashua.

"Ukiona vyaelea, jua vimeundwa," alisema jirani yake Tuiloma, mkono kiunoni. "Ila huyu aliyekiunda hiki, siku hiyo alikuwa amegombana na mkewe."

Fetuao alicheka mpaka akashika mbavu. Baadaye kicheko hicho kilimuuma, kwa sababu hawakucheka tena pamoja.

Mashuani alikuwamo Viliamu mkalimani. Mama yake alikuwa wa ukoo wao. Baba yake alikuwa seremala wa meli, aliyemwachia jina na macho ya kijivu, basi. Alisimama mbele ya nyumba ya baraza, akafungua karatasi, akaisoma bila kumtazama mtu usoni. Iosua mwana wa Leotau, aliyemuua msimamizi wa duka la mbata, aletwe melini kabla ya saa sita mchana siku ya Alhamisi. Asipoletwa, saa sita ikigonga, kijiji kitapigwa mizinga.

"Imekwisha?" aliuliza Leotau, chifu wa Vailoto na mdogo wake Fetuao.

"Imekwisha, mzee."

"Hata salamu hakuna?"

"Hakuna, mzee."

Kwamba Iosua aliua, hilo halikuwa na ubishi. Msimamizi yule aliusogeza ua wa duka mpaka ndani ya shamba la magimbi la ukoo; Iosua akaung'oa; wakashikana; kasia likatua kichwani, na siku ya tatu mtu akafa. Damu ni damu, na hakuna aliyejaribu kuificha. Kesho yake kulipopambazuka tu, Leotau na wazee walijifunika mikeka vichwani wakaenda kuketi mbele ya duka, kama walivyofanya baba zao. Waliweka mbele yao kuni, mawe na majani ya kuokea, kumwambia mfiwa: ukitaka, utuoke kama nguruwe. Hapo mfiwa hutoka, akatukana, akalaani, akamwaga yote yaliyomo kifuani, nao humsikiliza kimya. Kisha huinua mkeka. Mkono ukishauinua, kisasi kimekufa, na hakuna mtu chini ya jua awezaye kukifufua.

Lakini mwenye duka alikuwa amekwisha kupanda mashua na maiti, amekimbilia mjini Apia kwa balozi wa taifa lake. Wazee walikaa mbele ya kufuli mpaka jua likawa la utosi, na aliyetoka kuwatazama ni mbwa peke yake. Kosa lao likabaki halina wa kulipokea.

Jumanne hiyo ya manowari kijiji kizima kilipanda mashambani, juu mlimani, na vyungu vyao na kuku wao. Iosua alimbeba mgongoni bibi yake Ana, mama yao Fetuao na Leotau, aliyepita miaka themanini na kifua chake kibovu. Bibi alilalamika njia nzima kwamba mjukuu anatembea kama punda. Huko juu, chini ya kibanda cha makuti kilichovuja, baraza likakaa.

"Mimi nitasema wanachoogopa wenzangu," alianza Setu, mume wa Tuiloma. "Kijana aende. Nyumba sitini kwa kichwa kimoja? Sina ubaya naye, nampenda, lakini aende."

Chifu akimtetea mwanawe amekwisha kuwa mzazi tu, si chifu, naye Leotau alilijua hilo. Ndipo Fetuao akasema. Dada wa chifu huko akisema, husikilizwa, na akikasirika huogopwa zaidi, kwa kuwa laana yake hushika. Na Iosua alikuwa wake kuliko wa mtu yeyote pale. Mama yake alifia uzazini, na Fetuao ndiye aliyemtafunia gimbi la kwanza.

"Mkono mtupu haulambwi," alisema. "Mnabishana hapa kumpa yule mtu kijana au kutompa, na hakuna aliyekwenda kumwomba radhi. Mfiwa alikimbia. Sasa ametuletea ndugu yake mwenye mizinga. Basi tumepata mlango wa kuketi mbele yake. Tumpelekee mkeka."

"Mkeka gani, dada?" aliuliza Leotau, ingawa alijua.

Ulikuwa mmoja tu. Fetuao aliufuma miaka tisa, kwa nyuzi za mkadi nyembamba kama nywele, mpaka ukawa laini kama kitambaa na ukingo wake ukapambwa kwa manyoya mekundu. Macho yake yaliharibikia humo. Ulikuwa wa arusi ya binti yake, na wanawake wa vijiji vitatu walishaupa jina kabla haujakamilika.

"Na kama hajui maana yake?" Tuiloma aliuliza.

"Hana mama yule? Hana baba? Mtu akijifunika kichwa akaketi miguuni pako, utasema amekuja kuuza samaki?"

Watu walicheka, na kicheko kikapitisha shauri.

Jumatano, bado kuna umande, mitumbwi mitatu ilivuka hadi manowari. Katika wa mbele aliketi Leotau chini ya mkeka, kuni na mawe na majani mbele yake, na Fetuao nyuma, kwa kuwa mkeka ulikuwa wake. Wazee wengine walijifunika vilevile. Hawakuita wala kupunga mkono. Waliinamisha vichwa kando ya ule ukuta wa chuma, wakangoja.

Juu, mabaharia walijaa ukingoni. Walioneshana vidole, wakapiga miluzi. Mmoja alishusha kikapu kwa kamba, na ndani yake tumbaku; alidhani kuni zinauzwa. Fetuao alikitazama kikapu kinaning'inia mbele ya pua yake. Alijisemea, hao ni vijana, na vijana wa popote hawana adabu. Tumngoje mkubwa wao.

Mkubwa alitoka hatimaye, mwembamba, na kitambaa cha mezani mkononi. Viliamu alisimama kando yake. Kapteni aliitazama mitumbwi, kisha akaanza kusema, na alisema kwa muda wa kumenya gimbi zima, sauti ikipanda.

"Anasema mnamchezea," Viliamu alifasiri. "Anasema mtu ameuawa na nyinyi mnamletea kuni. Anasema nyinyi ni waongo na waoga, mnamficha muuaji nyuma ya wazee. Anasema saa yake haikubadilika. Kesho, saa sita."

Chini ya mkeka mabega ya Leotau yalilegea. Fetuao aliyaona, na moyo wake nao ukatulia. Walikuwa wanatukanwa! Baada ya mlango wa kufuli na mbwa, hatimaye mtu ametoka kuwatukana. Aliyekosewa anaanzia hapo.

Kapteni alishuka ngazi ya ubavuni mpaka kwenye jukwaa la chini, karibu kabisa na mtumbwi. Aliinama. Akaushika mkeka kwa vidole viwili vya mkono wa kulia, akauinua.

Wazee wote walitoa pumzi kwa pamoja. Leotau aliinua uso, machozi yakimchuruzika, wala hakuona haya.

"Anauliza, huyu ndiye Iosua?" alisema Viliamu.

"Mwambie ni baba yake," Fetuao alijibu.

Kapteni alimtazama yule mzee, akatikisa kichwa, akamkabidhi baharia mkeka. Akasema neno fupi, akapanda ngazi kurudi kwenye kifungua kinywa chake.

"Anasema mzee arudi nyumbani." Viliamu alishuka haraka mpaka pale alipokuwa kapteni, akachutama. "Shangazi, nisikilize. Alitaka kuona nani yumo ndani. Hilo tu. Saa iko palepale. Kaeni huko huko mlimani."

"Ameuinua au hakuuinua?"

"Ameuinua, lakini shangazi..."

"Kwanza hutukana, kisha huinua. Mama yako alikufundisha nini wewe?"

"Yule hakulelewa na mama yangu," alisema Viliamu.

Fetuao alimpapasa shavu, akamwonea huruma kwa kuishi kwake miongoni mwa watu asiowaelewa. Mitumbwi ikageuka, na wapiga kasia wakaimba mpaka ufukweni.

Mvua ilianza mchana huo kule mlimani. Bibi Ana alikohoa mpaka midomo ikawa buluu. Watu walitazama vibanda vinavyovuja, wakatazama nyumba zao kavu chini pwani, wakamtazama Fetuao.

"Mimi bado," alisema Tuiloma. "Yule kijana wenu kasema saa iko palepale. Tukae siku moja. Siku moja itatuua?"

"Itamuua mama yangu," Fetuao alijibu. "Na yule mtu tutamweleza nini? Ameinua mkeka kwa mkono wake, katuambia rudini nyumbani, na sisi tunajificha porini kama wezi? Huko ni kumtemea mate. Ndipo atakapokasirika kwa haki."

"Atangoja saa sita ipite asionekane amelegea," Leotau aliongeza, "halafu atang'oa nanga. Mtu mkubwa huachiwa heshima yake."

Iosua alimvuta shangazi yake kando, nyuma ya mgomba. Alikuwa na miaka ishirini na miwili na mikono mikubwa asiyojua pa kuiweka tangu siku ya kasia.

"Shangazi, acha niende tu melini. Niyamalize."

"Umekwisha kusamehewa."

"Sijisikii mtu aliyesamehewa."

"Msamaha si homa, mwanangu, hata uusikie mwilini. Ukienda leo unamwambia yule mtu mkono wake hauna maana. Nyamaza, umbebe bibi yako."

Akambeba. Jioni kijiji chote kilikuwa kimeteremka.

Alhamisi mvua ilikatika. Watu walifukia magimbi na shelisheli kwenye mawe ya moto, na nguruwe mmoja, kwa shukrani. Karibu na saa sita Tuiloma alimtuma binti yake Lupe kwa Fetuao na kikapu cha shelisheli. "Mama anasema kama tunakufa, tufe tumeshiba," alisema Lupe, akamwaga shelisheli, akarudi mbio kwao na kikapu kwa sababu nguruwe alikuwa anafukuliwa. Fetuao alimlaza mama yake nyumbani, akampa maji, akatoka kuchungulia bahari aone manowari ikiondoka.

Kengele ya melini iligonga. Aliisikia vizuri, maji yalikuwa shwari.

Kombora la kwanza lilipita juu likapiga mlima. La pili lilipiga kanisa. Hapakuwa na hasira yoyote katika kazi ile, na hilo ndilo lililomtisha Fetuao kuliko kishindo: mlio, kimya cha kuhesabu mpaka thelathini, mlio. Kama mtu anayetwanga. Watu walikimbia na watoto mikononi. Yeye alikimbilia nyumbani kwake, na nyumba haikuwapo. Palikuwa na nguzo mbili na moshi. Mama yake alikuwa chini ya paa.

Kwa Tuiloma kombora liliangukia pale pa kuokea, penye watu. Setu alikuwa ameshika jani lenye nyama. Lupe alikuwa kando yake.

Dakika arobaini baadaye Iosua alionekana ufukweni, kifua wazi, shati lake jeupe limefungwa kwenye kasia. Aliingia majini akitembea, maji yalipomzidi akaogelea. Mizinga ikanyamaza. Fetuao alimwona kutoka pale alipokuwa akifukua makuti kwa kucha, na hakumwita. Mpaka leo hajui kama hakuweza au hakutaka.

Ijumaa Viliamu alirudi na mashua. Alikuwa amebeba mkeka, umekunjwa vizuri, umefungwa kamba ya melini, na kwenye manyoya mekundu palikuwa na kikaratasi chenye namba. Alimkuta Fetuao ameketi kati ya zile nguzo mbili.

"Ameurudisha, na anashukuru," alisema. "Maofisa hawaruhusiwi kupokea zawadi kutoka kwa wenyeji."

Mkeka ukirudishwa, maana yake msamaha umekataliwa. Kila mtoto anajua. Lakini huu ulirudishwa baada ya adhabu, na kwa shukrani, na hilo hata wazee hawakuwa na jina lake.

"Iosua?"

"Amefungwa chini. Wanampeleka Apia. Watamnyonga, shangazi, sikufichi. Kapteni ameridhika. Anasema kwa maneno ingechukua mwezi, na kwa mizinga imechukua dakika arobaini. Ameandika hivyo. Anasema hana kinyongo na mtu."

"Wewe ulimweleza? Maana ya mkeka?"

"Jana asubuhi. Nilimweleza yote. Alikuwa ameshika saa yake."

"Akasemaje?"

Viliamu alitazama mchanga. "Alisema ni desturi nzuri. Akaniuliza ulichukua muda gani kuufuma. Nikamwambia miaka tisa. Akasema, basi hatuna budi kuurudisha."

Fetuao hakulia mbele yake. Aliupokea mkeka kwa mikono miwili, kama anavyopokewa mtoto, na moyoni alimchukia yule mtu mwembamba chuki ambayo hakuwahi kumchukia kiumbe. Lakini chuki ile haikumfikia kapteni, ilimrudia mwenyewe. Yule mtu alisema saa sita, na saa sita ikawa saa sita. Aliyewaambia watu warudi nyumbani ni nani?

Jumamosi walizika. Jumatatu, alfajiri ilipoanza kupauka, Leotau alimkuta dada yake akifunga kuni.

"Dada, unakwenda wapi?"

"Unajua."

"Hukuua mtu wewe. Mizinga haikuwa yako."

"Nani alisema warudi?"

"Sote tulikubali."

"Nani alisema, Leotau?"

Leotau alishika kichwa. Aliwahi kuketi mbele ya kufuli na mbele ya chuma. Mbele ya jirani yao hakuwa na nguvu ya kuketi. Fetuao akaenda peke yake.

Tuiloma aliishi sasa chini ya kibanda cha makuti pembeni ya shimo la kombora, na wanawe wawili waliobaki. Fetuao aliweka kuni, akaweka mawe, akaweka majani. Akaketi, akajifunika. Mkeka ulinuka sabuni ya kigeni na tumbaku. Kile kikaratasi cha namba hakukitoa. Kilimgusa sikio kila upepo ulipovuma.

Jua lilipanda. Akasikia makuti yakisukumwa, na nyayo zikisimama mbele yake. Kisha Tuiloma akaanza.

"Nilikuuliza! Sikukuuliza? Nilisema, na kama hajui maana yake? Ukawachekesha watu! Miaka tisa unatuchosha na mkeka wako, mkeka, mkeka, kama wengine tunalalia majani ya ndizi! Nilisema siku moja, Fetuao, siku moja tu! Mama yako alikuwa mzee, amekula dunia. Mwanangu alikuwa na miaka kumi na mmoja! Alitoka kukuletea wewe chakula! Wewe! Ungemchelewesha basi, ungempa hata maji, ungemwambia aketi! Setu nimemwokota kwa kikapu, unanisikia? Kikapu kilekile cha shelisheli! Laiti ungezaliwa bubu!"

Alisema mpaka sauti ikakauka. Fetuao alisikiliza neno kwa neno, kichwa chini. Zamani angejua yuko wapi. Zamani matusi yalikuwa njia, na mtu aliijua njia na alijua inapoishia. Sasa aliyasikia, na hakuweza kujua kama ni ya desturi au ya kweli, na ngozi yake yote ilikuwa ikihesabu mpaka thelathini.

Nyayo zikasogea. Mkono ukashika ukingo, ukauinua mkeka. Mwanga ukampiga machoni.

Tuiloma alisimama mbele yake, macho mekundu, amechoka kama mtu aliyetoka kuogelea mbali. "Nimepokea," alisema. "Inuka, dada yangu. Inuka, tule hicho kilichopo."

Fetuao hakuinuka. Alikuwa akitazama bahari. Haikuwa na kitu, ni mawimbi tu yakivunjika mwambani.

"Saa ngapi sasa?" aliuliza.

"Saa ngapi? Mimi nitajuaje? Si asubuhi bado."

"Basi niache hapa hapa," alisema Fetuao. "Niache kwanza saa sita ipite."

Tuiloma alifungua kinywa amwambie asiwe mjinga, lakini akaangalia bahari, akaangalia kibanda chake. Kisha akaenda akawatoa wanawe wawili chini ya makuti, akawapeleka nyuma ya mwamba mkubwa, akarudi, akaketi mchangani kando ya Fetuao, na wote wawili wakaingoja saa sita.